UZI: Filamu fupi bubu za Marekani kabla ya Chaplin, zilizomfuata mtu mmoja hadi alipobanwa na maisha

#1 | Mleta uzi

Wakuu, habari za muda huu.

Ikitajwa filamu bubu, mazungumzo huwa yanaishia kwa Charlie Chaplin, mikimbizano na watu kuanguka. Hayo yana nafasi yake. Ila Chaplin alianza kuonekana kwenye filamu mwaka 1914, na kufikia hapo Wamarekani walikuwa wameshafanya kwa miaka kadhaa kazi ya aina nyingine ambayo kwetu haizungumzwi: tamthilia fupi za dakika 10 hadi 16, hazina sauti, hazina mapambano makubwa, zinamchukua mtu mmoja na kumfuata hadi pale maisha yanapombana. Nimezitazama na kuzirudia kwa miaka, na nina jambo moja la kusema kwenye uzi huu. Vitabu vingi vinazisifia kwa ujanja wa kamera. Kwangu uzito wake uko kwa waigizaji, hasa wasichana wadogo kabisa kwa umri, waliothubutu kusimama mbele ya kamera bila kufanya kitu, mtazamaji akawasoma.

Mazingira kwanza, kwa kifupi. Juni 1905 Harry Davis na John P. Harris walifungua mjini Pittsburgh ukumbi mdogo wa kiingilio cha senti tano, nickelodeon. Biashara ikalipuka, na ndani ya miaka michache kumbi za namna hiyo zikawa maelfu nchini Marekani. Walioingia wengi walikuwa vibarua, wahamiaji waliokuwa bado hawajakijua Kiingereza, akina mama na watoto. Programu ilibadilishwa mara kwa mara, kwa hiyo kampuni zilipaswa kutengeneza filamu mpya bila kupumzika. Kipimo kilikuwa rili moja, futi 1,000 za mkanda. Hadithi yako iishe humo.

Mojawapo ya kampuni hizo ilikuwa Biograph, iliyofanyia kazi ndani ya nyumba ya zamani ya makazi, namba 11 East 14th Street, New York. Mwaka 1908 akaingia pale mwigizaji wa jukwaani ambaye mambo hayakuwa yamemnyookea, D. W. Griffith. Mwaka huohuo akapewa kuongoza filamu yake ya kwanza. Alipoondoka mwaka 1913 alikuwa ameongoza filamu zaidi ya 450, nyingi akiwa na mpiga picha Billy Bitzer.

Sasa tuingie kwenye yenyewe. Naanza na The Country Doctor ya Julai 1909.

Kamera inafungua kwa kuzunguka taratibu juu ya bonde, mto, miti, hadi inafika kwenye nyumba ya daktari wa kijijini. Anatoka na mkewe na binti yao mdogo, wanatembea kwenye majani marefu. Baadaye binti anaugua. Daktari yuko kitandani kwake, na hapo anaitwa: mtoto wa familia maskini ya jirani naye yuko hoi. Anasita. Anaenda. Kuanzia hapo filamu inatupeleka nyumba hii na kuturudisha nyumba ile, vitanda viwili, mama wawili, daktari mmoja. Kwake hali inazidi kuwa mbaya, anatumiwa mtu kumwita, na yeye mikono yake imo katikati ya kumwokoa mtoto wa mwenzie. Anamwokoa. Anaporudi nyumbani, wake ameshakufa.

Angalieni pale anaposita. Hakuna maandishi yanayosema "daktari anateseka". Kuna mwanamume aliyesimama kati ya kitanda na mlango, basi. Na mwisho wa filamu kamera inarudi kwenye nyumba ileile, mlango umefungwa, hakuna anayetoka, kisha inazunguka tena juu ya bonde lilelile. Bonde halijabadilika hata kidogo. Mwaka 1909, wakuu, na robo saa tu!

Nashusha sehemu ya pili muda si mrefu.

#2 | Mleta uzi

Sehemu ya pili: The Painted Lady, 1912.

Hii ndiyo ningemwonyesha mtu anayedhani filamu bubu ni kupunga mikono tu. Mhusika ni binti mkubwa wa baba mkali, amelelewa akiamini kwamba poda na rangi za uso ni dhambi. Mdogo wake anajipaka, na ndiye vijana wanayemzunguka. Kwenye sherehe ya kanisa mkubwa anabaki peke yake. Anatokea mgeni, kijana mtanashati, anamsemesha. Binti anafunguka. Asichojua ni kwamba kijana anatafuta habari za fedha za baba yake.

Usiku mwizi aliyefunika uso anaingia ndani. Binti anashika bastola, wanapambana, inafyatuka. Anamfunua uso maiti: ni yuleyule.

Mwongozaji wa kawaida angemalizia hapo, maana mkasa umeshapatikana. Hapa filamu inaanza upya. Akili ya binti inayumba. Anarudi bustanini pale walipokuwa wakikutana, anaongea na hewa, anatabasamu kwa mtu asiyekuwepo, anamsikiliza, anajibu. Kamera imesogea, tunamwona kuanzia kiunoni, na haiondoki. Uso wake unabadilika mbele yetu bila mkato wowote wa kuficha: furaha, halafu kitu kama kukumbuka, halafu anakisukuma kile kitu mbali na kurudi kwenye furaha. Mwishowe anajipaka ile rangi aliyokatazwa maisha yake yote, na anafia mikononi mwa baba yake.

Aliyecheza ni Blanche Sweet. Alikuwa na miaka 16.

Nimeona waigizaji wenye tuzo kabatini wakishindwa kile alichokifanya pale bustanini. Hakulia kwa kelele, hakujishika kichwa. Alifanya mambo madogo sana na akayaacha yafuatane.

#3 | Mchangiaji

Mkuu uzi mzuri, nimekaa hapa. Swali langu: kama hakuna sauti na wengi hawakujua kusoma Kiingereza, walielewaje? Au kulikuwa na mtu wa kueleza kama hawa wetu wanaotafsiri muvi?

#4 | Mleta uzi

Swali zuri sana, na jibu ni ndiyo, walikuwepo. Baadhi ya kumbi ziliweka mtu pembeni ya pazia, akieleza nani ni nani na nini kinatokea huku filamu ikiendelea. Kazi hiyo wengi humu tunaijua vizuri, kwa Lufufu hapa Tanzania na DJ Afro kule Kenya. Wengine waliweka piano. Na kulikuwa na vibao vya maandishi katikati ya picha, ingawa vichache.

Lakini kadiri miaka ilivyokwenda, filamu hizi zilijitahidi zisimhitaji msimulizi. Hapo ndipo ufundi ulipokomaa. Kuna kisa kinachosimuliwa na Linda Arvidson, mke wa Griffith na mwigizaji wake, kuhusu After Many Years ya 1908. Mume amekwama kisiwani baada ya meli kuzama, mke yuko nyumbani anasubiri. Griffith akataka tumwone mke, kisha papo hapo tumwone mume aliye mbali, kisha turudi. Wenzake wakamuuliza hadithi itaelewekaje ikirukaruka hivyo. Akawajibu kwamba mbona Dickens huandika namna hiyo.

Watu walielewa. Mke anatazama mbali, picha inayofuata ni mume, na mtazamaji mwenyewe anaunganisha: anamuwaza. Mawazo ya mtu yakapata njia ya kuonekana bila neno hata moja. Huo mkato, kwangu, una thamani kuliko mikimbizano yote ya treni iliyokuja baadaye.

#5 | Mchangiaji mwingine

Samahani mleta mada, mbona unamsifia sana huyu Griffith? Si ndiye aliyetengeneza ile filamu ya kuwatukuza Ku Klux Klan, lile kundi la wazungu wabaguzi? Sisi Waafrika tunampambaje mtu kama huyo?

#6 | Mleta uzi

Hujakosea, na nisingependa uzi huu uende bila hilo kusemwa wazi. The Birth of a Nation ya 1915 ni filamu ya kibaguzi kuanzia mzizi. Inawaonyesha watu weusi kama wanyama wa kuogopwa, na wauaji wa Klan kama wakombozi. NAACP, chama cha kutetea haki za watu weusi Marekani, walipambana nayo mji kwa mji tangu ilipotoka. Mwaka huohuo Klan ilifufuliwa huko Georgia, na filamu hiyo ilitumika kuvutia wanachama. Madhara yake yaliwafika watu halisi, wenye miili na familia.

Tena uchafu huo haukuanza 1915. Umo ndani ya filamu fupi ninazozizungumzia. Tazama His Trust ya 1911: mtumwa mwaminifu anayemtumikia mke wa bwana wake aliyekufa vitani, na aliyemcheza ni mzungu aliyepakwa rangi nyeusi. Mtu aliyeweza kumpa binti mpweke wa kanisani utu kamili kiasi kile, alipofika kwa mtu mweusi akashindwa kuona mtu. Kushindwa huko ni kwa kisanaa pia, maana mhusika wa His Trust hana tamaa, hana hasira, hana siri. Hana chochote ndani. Ni kinyume cha kila kitu kinachofanya The Painted Lady iwe hai.

Ndiyo maana nasema sifa ya filamu hizi isiwekwe mfukoni mwa mtu mmoja. Walikuwepo wengine. Mfaransa Alice Guy-Blaché alianzisha Marekani kampuni yake, Solax, mwaka 1910, na mwaka 1912 akajenga studio Fort Lee, New Jersey. Mwanamke, mwenye studio, wakati wanawake wa sehemu kubwa ya Marekani hawakuwa na haki ya kupiga kura.

Tafuteni Falling Leaves yake ya 1912. Msichana anaumwa kifua kikuu. Daktari anamwambia mama kwamba jani la mwisho litakapoanguka, naye atakuwa ameondoka. Mdogo wake, kitoto tu, amesikia. Usiku anatoka nje na gauni la kulalia, anaokota majani na kuyafunga kwenye matawi kwa uzi.

Kile kitoto hakichezi kwa ajili ya kututoa machozi. Kiko kazini. Kinachukua jani, kinafunga, kinachukua jingine, na uso wake una uzito wa mtu mwenye jukumu. Mpita njia anamkuta na kumuuliza, na huyo mpita njia ni daktari mwenye dawa. Naam, bahati hiyo imezidi kiasi, lakini mimi naisamehe kwa sababu ya zile dakika za uzi na majani.

Lois Weber naye asisahaulike. Suspense yake ya 1913 inajulikana kwa picha iliyogawanywa vipande vitatu, mke, mume na mhalifu wote kwa pamoja. Hiyo ni ya kusisimua zaidi kuliko ya kumchunguza mtu, hivyo nairuka.

#7 | Mleta uzi

Naendelea na waigizaji, maana nilisema uzito uko kwao.

Jambo la kuumiza: Biograph haikutaja majina yao hadi mwaka 1913. Watazamaji walizipenda sura, wakaandika barua, na hawakujibiwa jina. Florence Lawrence alijulikana tu kama "Msichana wa Biograph". Carl Laemmle wa kampuni ya IMP alimchukua, na mwaka 1910 kukavuma kwamba amekufa. Laemmle akatoa tangazo gazetini kukanusha kwa kishindo, na hapo umma ukalijua jina lake. Mara nyingi anatajwa kuwa nyota wa kwanza wa filamu Marekani.

Mary Pickford aliingia Biograph 1909 akiwa na miaka 17. Alielezwa malipo ni dola 5 kwa siku, akadai 10, akapata. Filamu yake ya mwisho pale ni The New York Hat ya Desemba 1912, na ni mfano safi wa tamthilia ya mtu mmoja na kitu kimoja. Mama anayekufa anamwachia mchungaji barua na visenti, akimwomba amnunulie binti yake vitu vizuri ambavyo baba bahili hatamnunulia kamwe. Mchungaji, aliyechezwa na Lionel Barrymore, anamnunulia kofia ya dola 10 kutoka New York. Kijiji kizima kinaanza kusengenya: mchungaji anamnunulia msichana kofia kwa kipi? Baba anaichanachana.

Mapema kwenye filamu Pickford anasimama mbele ya kioo na kofia yake kuukuu, anajipanga, anajitazama. Kile kioo kinakuambia kila kitu kuhusu nyumba ile: mama hayupo, baba hamtazami, na msichana anajaribu kujua kama anapendeza bila mtu wa kumuuliza. Baadaye baba anapoichana ile kofia unaelewa kwamba kinachochanwa si nguo. Hadithi iliandikwa na Anita Loos, naye akiwa bado kijana mdogo, akalipwa dola 25.

#8 | Mchangiaji

Nimeingia mtandaoni nikafungua mbili tatu. Mkuu, watu wanakimbia kama wamewashwa betri! Na ile ya 1908 niliyoiona wanarusha mikono juu kila saa. Hapo sijaelewa ufundi uko wapi.

#9 | Mleta uzi

Usikate tamaa, hayo mawili yana sababu zake.

Mwendo: kamera ilizungushwa kwa mkono, mara nyingi karibu picha 16 kwa sekunde. Nakala nyingi za mtandaoni zinachezeshwa kwa picha 24. Mtu aliyetembea polepole anakuwa anakimbia, na ule utulivu wa uso ninaousifia unapotea wote. Tafuta nakala iliyorekebishwa mwendo, au punguza kasi kwenye kicheza video chako hadi asilimia 75 hivi. Utaona filamu tofauti. Muziki wa kubandika ukikukera, uzime.

Mikono: mwaka 1908 kamera ilikaa mbali, mwigizaji akaonekana kutoka utosini hadi miguuni kama yuko jukwaani, na uso wake ulikuwa kidoa tu. Angekuambiaje ana huzuni? Kwa mkono. Pia wengi walitoka kwenye melodrama za jukwaani ambako ishara hizo zilikuwa ndiyo lugha. Kufikia 1912 kamera imesogea hadi kiunoni, wakati mwingine karibu zaidi, na mikono ikashuka. Tazama filamu ya 1908 na ya 1912 usiku mmoja, moja baada ya nyingine, utaona badiliko hilo kwa macho yako.

Kuna kitu cha kutazama kwenye The Musketeers of Pig Alley, 1912. Majambazi watatu wananyata kandokando ya ukuta kuelekea kamera, na wa mbele, Snapper Kid, aliyechezwa na Elmer Booth, anazidi kuja hadi uso wake unajaza picha. Anasimama. Macho yanacheza kulia na kushoto. Hapo jambazi wa filamu akawa mtu mwenye hofu na hesabu zake, na huyo ndiye babu wa majambazi wote wa sinema tunaowajua.

Kitu kingine: mkanda wa zama zile haukuiona rangi nyekundu, ikatoka kama nyeusi, na buluu ikatoka karibu nyeupe. Ndiyo maana mbingu ni tupu na macho ya baadhi ya waigizaji yanaonekana ya ajabu, yamepauka. Ukilijua hilo halikusumbui tena.

Kuhusu upatikanaji, hatimiliki za filamu hizi Marekani zimeshakwisha, kwa hiyo kuzitazama bure ni halali.

#10 | Mchangiaji

Nimefuata ushauri wa kupunguza kasi nikaangalia The Mothering Heart ya 1913. Aisee. Lakini mwisho umeniudhi. Mume amemkimbia mke mjamzito kwa mwanamke wa starehe, mtoto amekufa, halafu anarudi na kusamehewa? Kwa nini?

#11 | Mleta uzi

Nafurahi umefika hapo, maana ningeitaja leo.

Kwa ambao hawajaiona: Lillian Gish, miaka 19, anacheza mke aliyefua nguo za watu ili mumewe ainuke. Mume akiinuka anampata mwingine. Mke anaondoka, anajifungua kwa mama yake, na mtoto anakufa. Anatoka nje bustanini. Anatembea kama mtu asiyejua yuko wapi. Anaokota fimbo, na ghafla anaanza kuipiga miwaridi. Anaipiga hadi matawi yanavunjika, na uso wake haukunji hata kidogo. Kila ninapoirudia nashika kiti. Hakuna maandishi pale, wala hayahitajiki.

Kuhusu mwisho, sikubaliani nawe moja kwa moja, ingawa hasira yako naielewa. Tazama tena namna msamaha unavyokuja. Mume akiomba, mke anamkataa. Maneno yake hayamfikii. Kinachombadilisha ni kumwona mume kwenye kitanda cha mtoto, akiwa amepigwa na msiba uleule. Hapo hamsamehei mume kwa usaliti wake. Anamtambua kama mtu pekee duniani aliyefiwa na mtoto huyohuyo. Wanaume na wanawake wengi wamerudiana kwa sababu hiyo na si nyingine, na wala haimaanishi kwamba kosa limefutwa.

Ninachokukubalia ni hiki: filamu ilipaswa kutupa muda zaidi. Ilikuwa rili mbili, ndefu kwa viwango vya Biograph, na bado ule mwisho umebanwa. Wakubwa wa kampuni hawakutaka filamu ndefu, na hilo ni moja ya mambo yaliyomfanya Griffith aondoke mwaka huohuo, na waigizaji wengi wakamfuata.

Hebu irudie kuanzia bustanini hadi mwisho, umwangalie Gish peke yake, mume usimjali. Kisha njoo utuambie kama bado unaona amelazimishwa na hadithi kusamehe, au ameamua mwenyewe. Mimi nasema ameamua, na niko tayari kubishana.